Bomba la Inchi Nne kwa Choo cha Mama Mkwe

Ambrosi anaishi Mafinga na mkewe Devota na mtoto wao Marta. Kazi yake ni kupasua mbao. Jioni anarudi na unga wa mbao hadi kwenye nyusi, na Devota humkung'uta mlangoni kwanza ndipo aingie.

Mwezi wa sita, baridi ikiwa kali, alikuja mama yake Devota kutoka Igowole. Jina lake Paskalina. Magoti yalimsumbua, na daktari alitaka amwone kila wiki.

Sasa, huku kwetu mkwe ni mkwe. Mama mkwe apishane na mkwewe mlangoni mwa choo? Aibu hiyo! Basi Ambrosi alimjengea choo chake cha kukaa, ndani, jirani na chumba chake. Alijitahidi kwelikweli. Ila bomba la kutolea uchafu, hapo ndipo alipoharibu.

Stoo kulikuwa na bomba la inchi mbili, lililobaki alipokuwa akimwagilia nyanya. Akalitumia hilo.

"Bomba jembamba lina presha," alimwambia Devota. "Litasukuma kila kitu."

Wee! Hata wiki haikuisha, choo kikaziba. Ambrosi akazibua kwa fito. Kikaziba tena, maji machafu yakajaa mpaka ukingoni.

Tangu hapo mama akaanza kukataa chakula. Ugali, "nimeshiba." Chai, "baadaye." Devota akamfuata chumbani.

"Mama, unaumwa?"

"Siumwi, mwanangu. Nikila, lazima niende kule. Nikienda, kinaziba. Halafu mkwe wangu anakuja na fito kuzibua vya kwangu. Bora nirudi Igowole na magoti yangu."

Devota alilia. Ambrosi alipoambiwa, aliona haya na huruma kwa pamoja. Akaenda moja kwa moja kwa jirani yao Matilda, ambaye ni fundi bomba.

Matilda alikuja, akafukua bomba, akacheka, akamsalimu Ambrosi kienyeji.

"Kamwene, baba Marta! Hili la nyanya limefuata nini huku?"

"Si kwa ajili ya presha, fundi?"

"Presha ipi? Maji ya bustani yanasukumwa na pampu. Ya choo yanateremka yenyewe, tena yamebeba kinyesi na karatasi. Yanahitaji nafasi, na hewa ipite juu yake. Choo ni inchi nne. Tazama sinki lenyewe la kukalia, tundu lake la chini ni inchi nne, wewe umelibana! Inchi mbili tumia kwa maji ya kuogea na kunawa."

"Na mteremko? Nimeuweka mkali ili yakimbie."

"Maji yatakimbia, uchafu utabaki. Ukiliweka bomba bila mteremko, uchafu unakaa vilevile. Kila mita moja, lishuke kama sentimita mbili. Na hapa kwenye kona tujenge chemba yenye mfuniko. Likiziba siku moja, unafungulia nje, humsumbui mtu chumbani kwake."

Kisha Matilda aliingia kwa Paskalina.

"Shikamoo mama. Kosa si lako. Bomba lile hata Marta angeliziba."

"Marahaba. Kumbe!" Paskalina akacheka, kicheko ambacho Devota alikuwa hajakisikia tangu choo kizibe.

Ambrosi alinunua bomba la inchi nne. Wakalilaza pamoja, Matilda akipima mteremko kila hatua, Ambrosi akifukia. Walipomaliza, Ambrosi alimwaga ndoo ya maji. Yakaenda yote bila kusitasita. Jioni ile mama alikula, lakini kidogo tu. Alikuwa bado hajaamini.

Asubuhi, Ambrosi na Devota walikuwa jikoni. Wakasikia maji yakiteremka chooni. Gwaa! Halafu kimya. Ambrosi alishindwa kuficha furaha yake.

Mlango wa choo ukafunguliwa. Paskalina akaita kutoka huko huko:

"Devota! Mchana pika maharage. Pika mengi!"