Ufunguo Uliotoka Mfukoni mwa Marehemu

Taa ya ufunguo iliwaka kijani, lakini kompyuta ikaandika kwamba ufunguo haupo. Ndivyo ilivyoanza, mchana kweupe, kwenye gereji ya marehemu Bonifasi pale Morogoro, enzi zile magari ya Kijapani yalipomiminika na fundi asiye na kompyuta akabaki kuziba pancha.

Ufunguo wenyewe kidude tu, kama kidole gumba, huchomekwa nyuma ya kompyuta. Usipokuwepo, programu ya kupima magari haifunguki. Evance, fundi aliyebaki, aliuchomoa akaupangusa, akauhamishia tundu jingine, akafuta programu na kuiweka upya. Wapi! Kila alipojaribu, harufu ya karafuu ilipanda, na nyuma ya kiti mtu akakohoa.

"Hivyo ni virusi," alisema mteja mmoja mwenye tai.

Virusi gani vinatafuna karafuu za Matombo, kama alivyokuwa akitafuna Bonifasi?

Alipoketi Yustina, mjane wake, ufunguo ulionekana mara moja. Alijua ni nani aliyekuwa akikohoa. Tangu hapo alishinda kwenye kile kiti akinong'ona habari za nyumbani, huku Evance akipima magari. Wanaomcheka mjane hawajawahi kulala na mto.

Siku moja ya masika, mvua ikishuka kutoka Uluguru na kupiga bati hata watu wasisikilizane, Yustina alimkuta binti yake Upendo amekaa kwenye kile kiti, miguu haifiki chini, mkono umeng'ang'ania ufunguo pale ulipochomekwa, midomo imepauka, pumzi inanuka karafuu, na kila alipojaribu kumnyanyua mtoto alikuwa mzito kama injini, na kile kikohozi cha mwanamume sasa kilitoka kifuani mwa mtoto.

"Baba kanishika," Upendo alinong'ona. "Usiniondoe."

Evance alikimbia kumwita mzee Hatibu, Mzigua, mtani wa Waluguru, ndiye aliyemshusha Bonifasi kaburini.

"Shikamoo, babu," Yustina alimwamkia.

"Marahaba. Kidude hiki kilitoka wapi?"

"Mfukoni mwake. Nilikitoa mwenyewe... kazi ingesimama."

"Kabla ya kuanua tanga? Kabla sisi watani hatujavigawa vitu vyake? Mama, umemsimamisha mtu mlangoni. Kitu chake kimo ndani, yeye atakwendaje?"

Akaigeukia kompyuta. "We Mluguru! Kupanda mlima unajua, kushuka kuzimu ndiko hujui? Mkeo nimeshamchukua mimi! Toka, hata wafu wenzako wanakucheka!"

Hakuna aliyecheka. Mtoto alikohoa tu, macho yakageuka meupe.

"Mimi hanisikii," Hatibu alisema kwa sauti ya chini. "Aliyemshika ni wewe. Mfukuze wewe."

Yustina alimtazama mwanawe.

"Bonifasi," alisema, "toka kwangu. Sikutaki."

Neno hilo hakuwahi kumwambia hata alipokuwa akirudi amelewa.

Mlango ulifunguka, mvua ikaingia, ukajifunga. Vidole vya mtoto vikalegea. Hatibu akauchomoa ufunguo, akautemea mate, akamkabidhi Evance, naye akauchomeka.

"Umeonekana!" Evance alipiga kelele. "Mama Upendo, programu imefunguka!"

"Funga bakuli lako," alisema Hatibu.

Upendo alivuta pumzi, rangi ikamrudia. Akamtazama mama yake.

"Alikuwa anasubiri mvua ikatike, mama. Alisema ikikatika tu anaondoka. Hukumsikia?"

Nje mvua ilizidi. Yustina alitoka akasimama uani, maji mekundu ya mlimani yakimpita miguuni, akaita jina la mumewe mpaka sauti ikakauka. Hakuitikiwa.