Umenijazia Upande Wangu

"Pete imo humo, kwenye kopo la vifungo," Sindano alisema bila kuinua macho kutoka kwenye cherehani. "Itafute, uondoke nayo."

Mchumba wake, fundi wa friji ambaye mtaa mzima ulimwita Barafu kama ulivyomwita yeye Sindano kwa ushonaji wake, alikuwa amekuja kupimwa koti la harusi. Zilibaki wiki saba. Alikuwa ameshainua mikono apimwe kifua, akaishusha polepole.

"Nimekosa nini?"

"Hujakosa kitu."

"Basi kuna mtu. Ni huyo Mwalimu wako wa Jumamosi?"

Sindano alikanyaga cherehani, mshono ukaenda kombo. Kidole chake kimoja kilikuwa kimezungushiwa kitambaa. Asubuhi alimwambia mama yake kwamba amejichoma. Tangu mwaka uanze alikuwa akisoma na watu wazima wenzake ili arudie mtihani wa sekondari, na simu yake ilikuwa mezani, ujumbe ukisomeka wazi: "Jibu limetoka? Usiamue lolote kabla hatujaonana. Mwalimu."

Uongo ungemaliza mambo upesi kuliko ukweli.

"Chukulia hivyo," alisema.

Barafu hakuligusa kopo. Alitoka, akaurudisha mlango taratibu, na upole ule ulimchoma Sindano kuliko kelele yoyote.

Ukweli ulikuwa kwenye daftari lake la baiolojia. Mdogo wake wa kiume alifariki kwa selimundu akiwa na miaka tisa, baada ya kulia maumivu ya viungo tangu alipojua kulia. Sasa, kwenye somo la urithi, Mwalimu alikuwa amechora ubaoni mraba wenye visanduku vinne. Kila mzazi humpa mtoto herufi moja: A ya damu salama, au S ya selimundu. Mtoto akipokea S mbili, anaugua. Sindano alikwenda kupima, akarudi na A moja na S moja. Alichora mraba wake, akaandika jina lake juu na la Barafu pembeni, na kwenye kisanduku cha nne zikakutana S mbili. Kila mimba, nafasi moja kati ya nne. Alivyomjua Barafu, angesema tuoane hivyo hivyo, kisha angeyaona yale ambayo nyumba yao iliyaona. Heri amchukie.

Jumamosi, katikati ya kipindi, mlango wa darasa ulifunguliwa. Alikuwa Barafu, shati limepigwa pasi, uso umekunjamana.

"Namtafuta Mwalimu."

"Umempata," alijibu bibi mmoja mfupi, chaki mkononi, miwani ikining'inia kifuani kwa uzi. "Kama umekuja kunipiga, mjukuu wangu, ngoja nimalize mstari huu."

Darasa zima lilicheka. Barafu alijibanza kwenye dawati la nyuma, masikio yanawaka.

Wenzao walipotoka, Sindano hakuwa na pa kukimbilia. Alimfungulia daftari, akamweleza yote, kuanzia mdogo wake hadi kisanduku cha nne. Barafu alisikiliza mpaka mwisho, kisha akaweka kidole pembeni ya mraba.

"Hapa kuna jina langu. A na S. Nani alikupa herufi zangu?"

Sindano aliusoma mraba upya. Mraba wa ubaoni ulikuwa wa wazazi wawili wenye S mojamoja. Aliunakili kama ulivyo, akabadilisha majina tu.

"Umenijazia upande wangu bila kuniuliza," Barafu alisema. "Wa damu, na wa ndoa pia."

"Ndiyo maana nilikuandikia usiamue," Mwalimu alisema, akifuta ubao. "Nusu ya somo ni hatari kuliko kutosoma. Nendeni mkapime nusu ya pili."

"Na jibu likiwa baya?" Sindano aliuliza.

"Tutakaa tuliangalie," Barafu alisema. "Lakini tutakaa wawili."

Siku ya nne simu ya Sindano ililia, alikuwa Barafu: "A na A. Muuguzi amenieleza mara tatu, ya nne amenifukuza. Chora upya."

Sindano alichora kwa chaki ya kukatia nguo, juu ya meza. Visanduku viwili vilitoka A na A, viwili A na S. Cha S mbili hakikuwepo. Alilaza kichwa kwenye kitambaa cha koti, akacheka huku machozi yakikilowesha, mpaka mama yake akaja kuuliza kuna nini.

Alimweleza. Mama aliufuata mraba kwa kidole. Tangu mazishi ya mwanawe, wifi yake alikuwa akisema kwamba mama ndiye aliyeleta damu mbaya ukooni.

"Mtoto akiugua, mama, S moja imetoka kwako na nyingine kwa baba."

"Baba yako naye alikuwa nayo?"

"Lazima."

Mama alivuta kiti, akakaa.

"Sasa herufi mbaya hivyo, mbona haikuisha duniani?"

"Kwa sababu ikiwa moja, inakinga. Palipokuwa na malaria kali, watoto wenye S moja walipona kuliko wenzao. Wakakua, wakazaa, wakairithisha. Ndivyo viumbe wanavyobadilika, kizazi kwa kizazi. Tulirithi ngao, mama. Balaa ni ngao mbili kukutana."

"Kwa hiyo wifi amenisema bure miaka yote hii."

"Bure kabisa."

Mama alishusha pumzi ndefu, kama aliyetuliwa ndoo kichwani. "Nitamwambia. Ila harusi ipite kwanza, asije akasusa."

Barafu aliingia akihema, akamsalimia mkwewe, akamwaga kopo lote mezani. Alitenganisha vifungo kimoja kimoja.

"Mbona haimo?"

"Nani alikwambia imo?"

"Wewe!"

"Mimi nilisema na kuandika mengi siku hizo bila kuuliza." Sindano alichukua futi kamba. "Inua mikono."

Aliinua. Alipomzungushia futi kifuani, kile kitambaa cha kidoleni kililegea, kikadondoka. Hapakuwa na jeraha. Palikuwa na pete.