Foleni ya Bomba Kavu

Tramu ilifunga breki karibu na Baščaršija, soko kongwe la Sarajevo, dumu tupu likamponyoka Belkisa na kumgonga gotini kijana mmoja mwenye koti la sufu la kahawia. Kijana akachechemea kwa madaha zaidi kuliko maumivu, akauliza kama dumu hilo lina leseni ya kutembea mjini. Hata kituo cha pili hakijafika, walikwisha kujuana: yeye Vedad, fundi wa saa, binti ni mmoja wa kundi la wasanii ambao jukwaa lao ni barabara.

Miezi mitano ikapita kwa simu za asubuhi na kahawa za alasiri. Ndipo Vedad akamjulisha kuwa mama yake, Bibi Razija, aliyehamia mji wa Travnik baada ya vita, atakuja Alhamisi kumtazama.

"Nimemwambia una adabu," alisema.

"Umeanza uongo mapema, kipenzi."

Alhamisi hiyo kundi lilikuwa kazini. Bomba la sabili, la maji ya bure kwa wapita njia, mbele ya msikiti wa sokoni lilikuwa limekauka miaka mitatu, nao wasanii kumi na wawili walipanga foleni mbele yake wakiwa na vyombo vitupu, kuanzia adhuhuri hadi alasiri, kwa siku mbili. Sharti la kiongozi wao, Enver, lilikuwa moja: aliyesimama hasemi wala hamtambui mtu. Belkisa alikuwa amemwomba Vedad amlete mama baada ya alasiri. Lakini basi la kutoka Travnik liliwahi kufika, na Bibi Razija akataka kuswali adhuhuri pale pale. Alipotoka alimtambua binti kwa picha aliyotumiwa na Vedad, na gauni lile lile la samawati, akamtolea salamu. Akairudia. Belkisa aliijibu moyoni, midomo isitikisike.

Jioni Vedad alipiga simu. "Ile si salamu ya mama yangu, Belkisa. Ni ya Mungu."

"Kazi ilikuwa haijaisha."

"Basi endelea nayo. Mama anarudi kwao kesho, na mimi sina la kumwambia."

Ijumaa, Bibi Razija alipita na mwanawe kuelekea kituoni. Belkisa akaweka dumu chini, akatoka mstarini. Enver akamnong'oneza kuwa ataivunja kazi.

"Na ivunjike," alijibu, akamwendea mama. "Waalaykumu ssalaam, mama. Nimeichelewesha siku nzima, na kosa ni langu."

Bibi Razija akaitazama foleni. "Mnangoja nini?"

"Maji."

"Wakati wa vita nilipanga foleni ya maji hapa hapa, risasi zikipita, na tulisemezana mpaka koo zikauka. Nani kawafundisha foleni ya mabubu?" Akamkabidhi Vedad mkoba, akashika dumu la Belkisa na kusimama mahali pake. "Nendeni mkazungumze. Nakushikia nafasi, mwanangu. Foleni yetu haikumpotezea mtu nafasi yake."

Papo hapo akamuuliza Enver yeye ni mtoto wa nani. Enver alijaribu kunyamaza, akashindwa. Foleni nzima ikafunguka kwa maneno, na wauza vyombo vya shaba wakatoka madukani na ndoo zao kujiunga nayo.

"Nilikuwa nimetayarisha maneno mazuri," Vedad alisema.

"Sema hata mabaya, nitayaelewa."

"Nataka nikuoe."

"Nimekubali. Mahari yangu, bomba hili litoe maji."

"Belkisa, mimi ni fundi wa saa."

"Ndiyo maana nakupa muda."

Vedad aliitazama foleni, iliyokwisha kukata kona ya msikiti. Akaazima ndoo kwa muuza shaba, akaenda kusimama mwisho kabisa.