Samaki wa Chloé Waliofanana na Nyoka

Charlotte na mume wake Donatien wanakaa Kamembe, katika nyumba ya vyumba vitatu. Asubuhi Donatien anavuka daraja la mpakani na nyanya na karoti, anaziuza Bukavu, upande wa Kongo. Charlotte anabaki. Anapika, anafua, na kila Alhamisi saa tisa mchana anapokea wanawake wenzake wa kikundi cha sala.

Mtoto wao Chloé ana miaka tisa. Alianguka kutoka juu ya mti wa parachichi, mguu ukavunjika. Hospitali walimfunga plasta. Wakasema, "Wiki sita asikanyage chini."

Chloé akalazwa kwenye kitanda kidogo cha salon, sebuleni, karibu na dirisha. Siku ya tatu alikuwa amechoka kuangalia ukuta. Siku ya tano alikataa kula.

Donatien alirudi jioni hiyo na sanduku la kioo la kufugia samaki. Familia moja ya Bukavu ilikuwa inahama, ikamwachia. Ndani ya mfuko wa plastiki kulikuwa na samaki sita. Walikuwa wembamba, warefu kama kidole, wa manjano na mistari ya kahawia.

"Papa, banaitwa aje?" Chloé akauliza.

"Sijue. Banasema banatoka mbali, kule Azia."

Kona moja ya sanduku ilivuja. Donatien akamwita Latifu, fundi wa vioo wa karibu na soko, naye akaiziba kwa gundi. Gundi ilipokauka, Donatien akaliweka sanduku kando ya kitanda cha Chloé, akamwaga ndani kokoto za ujenzi. Akajaza maji ya bomba, akawasha mashine ndogo ya kuchuja, akawatia samaki.

Chloé akawapa majina: Jumatatu, Jumanne, Jumatano, Alhamisi, Ijumaa na Jumamosi.

"Na Jumapili?" mama yake akauliza.

"Jumapili ni ya Mungu, Maman. Haiwezi kuwa samaki."

Charlotte akacheka. Siku hiyo mtoto alikula sahani nzima ya maharage.

Lakini kesho yake samaki walikuwa watatu. Mchana, mmoja. Siku iliyofuata, hakuna hata mmoja. Charlotte aliinama mpaka pua ikagusa kioo. Aliona maji na mawe tu.

"Ni paka," akasema.

"Paka gani?" Donatien akajibu. "Paka anatoa samaki mu maji, anafunika tena sanduku, anaenda?"

"Sasa bako wapi?"

"Weye njo unabakiaka hapa. Uniambie weye."

Asubuhi nyingine samaki wanne wakaonekana. Charlotte akahesabu mara mbili. Alipomwita Donatien, walikuwa wawili. Charlotte hakuelewa tena kitu. Kama wamekufa, maiti ziko wapi? Kama ni wazima, wanaenda wapi? Chloé peke yake hakuwa na shida. Alivunja mkate, akautupa juu ya maji. Mkate ukaelea mpaka ukaoza.

Ikafika Alhamisi. Wanawake wanne wakaja. Mkubwa wao alikuwa Maman Mukamazimpaka, mama wa mvi anayeheshimiwa na mtaa wote. Walifunga mapazia kama kawaida, ili watu wa njiani wasiwasumbue. Salon ikawa na giza kidogo. Wakaimba. Wimbo ulipofika katikati, Marguerite, aliyekuwa karibu na kioo, akafungua jicho moja.

"Yezu wanjye, Yesu wangu! Nyoka!"

Wimbo ukakatika. Samaki wametoka wote kwenye mawe. Wanapanda, wanashuka, wanajikunja, wanapishana. Kweli walifanana na nyoka wadogo.

"Haiko nyoka!" Chloé akasema kwa sauti. "Ni Jumatatu na benzake!"

"Maman Chloé," Marguerite akanong'ona, "nyoka ya mistari, na iko na jina ya siku? Ni mambo gani haya mu nyumba ya sala?"

Charlotte alibabaika. Siku nne amewatafuta, hajawahi kuwaona wote. Sasa watu wanaomba, ndipo wanatoka. Kwa nini?

Maman Mukamazimpaka alisimama polepole. Hakupiga kelele. Akatoa kwenye mkoba kifuko cha chumvi iliyobarikiwa.

"Tulianza kuomba, zikatoka," akasema. "Kama ni kitu ya Mungu, chumvi haitaifanya kitu."

Akatupa konzi mbili ndani ya maji. Punje zikazama, zikawaangukia samaki mgongoni. Papo hapo wakaanza kukimbia huku na huku. Waligonga kioo. Mmoja alipanda juu, akafungua mdomo, akazama tena.

"Munaona?" Marguerite akapaza sauti. "Inabachoma! Shetani anachomeka!"

"Banaumia!" Chloé akalia. Akajaribu kushuka kitandani. Mama yake akamkamata mabega. "Maman, mubatoe! Banakufa!"

Charlotte alimwangalia mtoto, akawaangalia samaki, akamwangalia mkubwa wa sala. Wote watatu aliwapenda au aliwaheshimu. Hakujua amsikilize nani.

"Mwanangu," Maman Mukamazimpaka akamwambia, "hatutarudia kuomba hapa kama hii kitu ingali. Peleka mu ziwa Kivu. Miye nitabaki na mutoto."

Wengine wakaenda zao. Charlotte akafunga kitenge vizuri, akatoka mbio. Sanduku lile asingeweza kulibeba peke yake. Akakumbuka Latifu ana mkokoteni.

Latifu alikuwa anakata kioo cha dirisha. Ni Mwislamu, mtu wa maneno machache, na nyumbani kwake anafuga samaki miaka mingi.

"Papa Latifu, unisaidie. Tupeleke lile sanduku ku ziwa, tumwage nyoka."

"Nyoka gani, Maman Chloé?"

Charlotte akaeleza yote: samaki wanaopotea, wimbo, chumvi. Aliposikia chumvi, Latifu akaweka chini kisu cha kioo.

"Chumvi kiasi gani?"

"Konzi mbili."

"Tuende nyumbani kwangu kwanza, tuchukue maji."

"Maji? Tuko na maji tele!"

"Si kama yangu. Yangu imekaa na samaki, imetulia. Fanya mbio, Maman."

Walifika na ndoo mbili na mpira mwembamba wa kupitishia maji. Chloé alikuwa amefunika uso kwa shuka. Maman Mukamazimpaka alikuwa ameshika rozari, midomo yake inacheza. Latifu alisalimu kwa heshima, akatia ncha moja ya mpira ndani ya maji, nyingine kwenye beseni. Akanyonya chumvi na uchafu kutoka chini, taratibu, mpaka maji yakapungua karibu theluthi moja. Kisha akarudishia maji yake kidogo kidogo.

"Kwa nini usitoe yote?" Charlotte akauliza.

"Ukibadilisha yote kwa mara moja, mwili wa samaki unashtuka. Leo kiasi hiki. Kesho tena. Kesho kutwa tena."

Maman Mukamazimpaka akasogea. "Wewe unasema hii ni samaki?"

"Mzee wangu, tazama. Nyoka iko na mapezi? Hii hapa, ya kifua. Na hizi ndevu mdomoni, inatafutia chakula chini ya mchanga. Wafaransa wanaiita loshi. Kwao ni mu vijito vya maji yenye kutulia, chini ya majani yaliyoanguka. Haiumi muntu."

"Na juu ya nini chumvi inaichoma, kama iko safi?"

"Magamba yake ni madogo sana, kama hana. Chumvi ikimwangukia ni kama kukutia pilipili mu kidonda. Hata dawa ya samaki wengine inaweza kumuua huyu. Mzee, kuomba hakuna anayekataza. Muombe mbele ya maji. Musitie kitu ndani ya maji."

Mzee huyo akasogeza uso kwenye kioo. Chloé akatoa uso kwenye shuka.

"Papa Latifu, wote ni wazima?"

Latifu akanyanyua kokoto moja moja. Akapata samaki wanne, tumbo limechubuka, ndevu zimekatika. Akazima mashine ya kuchuja, akaifungua. Ndani, juu ya sponji chafu, mmoja alikuwa amejikunja, anapumua.

"Kumbe!" Charlotte akapiga makofi. "Anafanya nini mule?"

"Anapenda tundu. Mdomo wa mashine uko wazi, akaingia. Utaufunga kwa sponji."

Wa sita alikuwa nyuma ya mashine. Huyo hakutikisika. Latifu akamtoa kwa kiganja, akamwonyesha mtoto bila kumficha.

"Ni nani?" Chloé akauliza, machozi yanashuka.

"Sijue, mwanangu. Wanafanana."

Chloé alimtazama kichwa mpaka mkia. "Hata miye sijue," akasema. Hilo ndilo lililomliza zaidi.

Maman Mukamazimpaka akachukua mkoba wake, akatoka bila kuaga. Charlotte akabaki mlangoni. Je, amekasirika? Je, hatarudi tena? Na samaki, ziwani au hapa?

"Ziwani hapana," Latifu akasema. "Samaki mgeni hatupwi mu Kivu. Anaweza kufa, ao kuleta ugonjwa kwa samaki wetu. Ukimchoka, umpe muntu anayejua kufuga."

"Lakini juu ya nini wanatoka tukiomba? Hilo njo linanisumbua."

"Mukiomba munafanya nini na mapazia?"

"Tunafunga."

"Basi. Samaki huyu anaogopa mwanga. Mchana analala chini ya mawe. Kukiwa na giza kidogo, anatembea. Hakuwa anakimbia sala, Maman. Hakuwa hata anaisikiliza."

Ijumaa saa nne asubuhi mlango ukagongwa. Alikuwa Maman Mukamazimpaka, peke yake.

"Funga mapazia," akamwambia Charlotte. "Leo hakuna kuimba."

Watatu wakakaa kimya. Dakika zikapita. Kichwa kidogo chenye ndevu kikatoka chini ya jiwe. Kikafuata kingine. Mzee akafungua pazia: wakajificha. Akalifunga, akangoja: wakatoka. Alifanya hivyo mara tatu. Kisha akavuta kiti mpaka karibu na kitanda.

"Chloé, miye niliua samaki yako. Nilifikiri ninakulinda. Unisamehe."

Mtoto alikuwa hajawahi kuombwa msamaha na mtu mwenye mvi. Akamwangalia mama yake, kisha samaki.

"Sawa, Nyogokuru," akasema mwisho, kama anavyomwita bibi yake. "Lakini usirudilie."

"Sitarudilia."

Jumamosi Latifu alileta mchanga laini, akauosha mpaka maji yakatoka safi. Kokoto kali akazitupa nje, maana samaki huyu anajichimbia chini, na jiwe lenye makali linamkata. Akaweka vipande vya mtungi uliovunjika, amevilainisha kingo, viwe vyumba vyao. Akaweka na kifaa kidogo cha umeme cha kupasha maji, kwa kuwa asubuhi za Kamembe ni baridi na samaki hawa wanataka nyuzi ishirini na nne au zaidi.

"Na mkate?" Chloé akauliza.

"Mkate hapana. Hawa wanakula chini. Umupe chakula kinachozama, kidogo, jioni. Kinachobaki ukitoe, kisioze."

"Na mfuniko?" Donatien akauliza. "Mtu aliniambia samaki hakimbii."

"Huyu anakimbia. Tundu lolote anapita. Ziba pembeni, lakini uache pa kuingiza hewa. Na usimwache mmoja peke yake. Wanapenda kuwa wengi, sita na zaidi. Nitakuongezea wawili kwangu, hawa wakishapona."

Charlotte alijifunza kuacha ndoo ya maji ya bomba wazi siku nzima, ili dawa inayotiwa kwenye maji ya bomba itoke. Kila wiki alitoa robo moja tu ya maji, akaweka mengine yenye joto sawa. Hakutumia sabuni wala Javel ya kung'arishia nguo. Sponji ya mashine aliisafisha kwa maji yaleyale aliyoyatoa, si ya bomba.

Wiki ya pili ndevu zilianza kuota tena. Wiki ya nne samaki walikuwa saba. Charlotte aliacha kuwahesabu mchana. Akiona mchanga umetulia, alijua wamelala.

Chloé alikula vizuri. Wiki ya saba alitolewa plasta. Mguu ulikuwa mwembamba, anatembea akishika ukuta. Kikundi cha sala kilirudi, na Marguerite pia, ingawa alichagua kiti cha mbali.

Alhamisi moja Maman Mukamazimpaka alikuja saa nane, kabla ya wenzake. Akamkuta Chloé ameshika mpira, maji yanatiririka ndani ya ndoo.

"Weka chini, mutoto. Na ule mguu utabeba ndoo?"

"Maman anasema haya maji yanapelekwa ku lengalenga, nyuma ya nyumba. Yanakuza mboga."

"Leta."

Mzee akavua viatu vyake vya sala. Akabeba ndoo kwa mikono miwili, akashuka ngazi za nyuma, akamwagia lengalenga, ule mchicha wa Charlotte, mstari kwa mstari. Aliporudi, upindo wa kitenge chake ulikuwa umelowa.

"Iko ndoo ingine?" akauliza.

"Moja."

"Basi fanya mbio. Benzetu banakuja."