Kakao Iliyochezwa Kimya

Kwanza iliungua sufuria ya kahawa. Anésia Belfond, ambaye kwao ni Lacombe, aliibandika motoni akasimama kando yake kusubiri ichemke. Wifi yake Philomise alipoingia akifuata harufu, maji yalikuwa yamekauka, kitako cha sufuria kimekuwa chekundu, na Anésia bado amesimama palepale, mikono kiunoni.

"Wifi, leo unapika chuma?" Philomise alicheka.

"Si nimeibandika sasa hivi?"

Ilikuwa siku ya tano ya msiba wa Clémence Belfond, mama yao Théodule, mume wa Anésia, na Philomise. Kwetu Saint-Aure, siku tisa baada ya maziko haimbwi, maana wimbo humgeuza marehemu njiani. Lakini kakao iliyoanikwa kwenye sakafu ya uani ilikuwa imeanza kushika ukungu, na ilibidi ichezwe, ikanyagwe kwa miguu mitupu hadi punje zing'ae. Kakao huchezwa kwa wimbo. Wimbo ndio unaoishikilia akili ya mchezaji isiteleze nje ya saa yake. Théodule alilijua hilo, kama kila mtu wa bondeni, ila kwa heshima ya mama yake aliamuru ichezwe kimya. Walicheza watatu: yeye, mkewe Anésia na dada yake. Hiyo ilikuwa jana yake.

Mchana ule harufu kali ya kakao inayochachuka ilijaa chumbani kwa Anésia, ingawa nyumba nzima haikuwa na punje mbichi. Kutoka sakafuni ikasikika miguu ikiburuzwa, sha, sha, taratibu. Théodule alitoka kutazama. Hapakuwa na mtu, lakini punje zilikuwa zimepangwa mistari mipya, nazo zilikuwa na joto la nyayo.

Aliporudi alimkuta Philomise amembeba Odilon, mtoto wa Anésia wa miezi mitatu, aliyekuwa akilia kilio chembamba kama cha paka mdogo.

"Wifi, mpe mtoto titi."

"Mwache. Ametoka kunyonya sasa hivi, utamtapisha."

"Tangu jana hajanyonya, mwezi mdogo umeshavuka anga mara tano! Tazama midomo yake."

"Wewe nawe! Umeshaanza kunywa tangu asubuhi?" Anésia akatabasamu, na lilikuwa tabasamu lilelile la jana, la urefu uleule.

Philomise alimweka mtoto kifuani mwa Anésia kwa nguvu. Titi lilikuwa laini na tupu, kama la mama aliyemaliza kunyonyesha dakika hiyo. Walijaribu maji ya sukari kwa kijiko, Odilon aliyatema. Jioni akaacha kulia, akabaki akifungua mdomo tu.

Mganga Isidore Monplaisir aliitwa. Alinusa nywele za Anésia, akawavuta kando wale ndugu wawili.

"Hadanganyi," alinong'ona. "Kwake bado ni jana, mwili na akili. Mshika-Saa, yule anayemfungia mtu ndani ya saa iliyopita, ameingilia kwenye ukimya wenu. Ichezeni tena, mkiimba."

"Msiba haujaisha, baba," Théodule alisema. "Mama yuko njiani. Tukiimba atapotea."

"Basi chagua wa kupotea. Huyu mdogo haoni jua la kesho."

Théodule aligeukia upande wa kaburi. "Utanisamehe, mama," alisema, akamshika mkewe mkono.

Kapu la mtoto liliwekwa ukingoni mwa sakafu. Théodule aliimba kwa sauti iliyopasuka, Philomise akaitikia, mganga akapiga makofi mlangoni, nao wakamburuta Anésia katikati yao huku punje zikilia chini ya nyayo, na katika ubeti wa pili kila mmoja wao akasikia, bila kuthubutu kumtazama mwenzake, miguu ya mtu wa nne ikikanyaga nyuma kidogo ya miguu yao, ikichelewa, ikisubiri kila wakinyanyua ndipo itue, na harufu ile chachu ikapanda hadi macho yakawatoka machozi, na Théodule, akijua kwamba kila neno linamsukuma mama yake gizani, akaimba kwa nguvu zaidi.

Katika ubeti wa tatu Anésia alitetemeka mwili mzima. Maziwa yalimmwagika yakalowesha nguo hadi magotini.

"Mungu wangu, mwanangu! Mmemwacha na njaa tangu lini?"

Alikimbilia kapuni. Miguu ya yule mtu wa nne ilitangulia, hatua chache nyepesi, ikakoma hapohapo penye kapu.

Odilon alinyonya hadi tumbo likakaza, hadi maziwa yakamtiririka shingoni. Alipoachia titi alilia kilio kilekile chembamba. Mganga alimpapasa tumbo, kisha akamgusa paji la uso.

"Tumbo limeshiba," alisema. "Njaa ni ya jana." Akavaa kofia yake, akaondoka bila kuaga.

Sasa Odilon Belfond ana miaka arobaini na mmoja, ni seremala, mwili mkubwa, mtu mpole. Hakuna aliyewahi kumsimulia habari hizi. Hula sahani tatu mbele ya mama yake, ambaye nywele zimekuwa nyeupe zote, kisha hufuta mdomo, humshika mkono, na kumuuliza kwa sauti ya chini, kama anayeogopa kusumbua: "Mama, leo tutakula saa ngapi?"