Jina la Feruzi Kwenye Kadi

Basi la 71 lilikuwa limejaa, mvua ya Machi ikichuruzika madirishani. Nusura alipandia mtaa wa Ixelles, huko ughaibuni, amevaa koti la kijivu lililofunika nusu tu ya gauni lake la njano, mkononi mfuko wa samaki. Kiti pekee kilichobaki kilikaliwa na bati la duara, na kijana mwenye miwani alilishikilia kwa mikono miwili.

"Kaka, huyo mwenzio amelipa nauli?"

"Ni mzee, dada. Anakaribia miaka mia."

"Bon, papa, acha maman akae," mama mmoja wa Kikongo alidakia. "Ile sahani yako utaipakata."

Kijana yule, Laurean, akaipakata. Alikuwa mtu wa Bukoba, na kazi yake ilikuwa kwenye jumba la kuhifadhi filamu. Ndani ya bati mlikuwa na nakala ya filamu bubu ya Norwei.

"Humo kuna mtu wetu," alisema. "Amecheza filamu tano kule, na jina lake hawakuliandika hata mara moja."

Kicheko cha Nusura kilikatika. "Babu yake mama yangu alikuwa mchochea makaa melini. Alishukia Norwei, hakurudi."

Jumapili alimletea picha iliyotunzwa Pangani ndani ya msahafu: mwanamume mwenye koti zito, ana mwanya, nyuma pameandikwa Feruzi Mbwana Heri. Wakakaa gizani kwenye jumba la filamu, wakamtazama akifanya kazi. Filamu ya kwanza alibeba makaa, mgongo tu. Ya pili walimviringisha pazia kichwani wakamwita Mturuki. Ya tatu mtumishi. Ya nne mzuka, kapakwa unga. Ya tano ndipo walipompa uso: fundi saa, anainua kichwa na kucheka, muda wa kuhesabu mpaka tisa. Kisha sinema zikaanza kusema, naye hakuitwa tena.

"Mwanya wako," Laurean alinong'ona.

"Wa kwake. Mimi nimeazima."

Wakapendana mchana kweupe. Nusura alikuwa akitoka jikoni kwenye hospitali ya Jette, ananukia vitunguu, anapiga simu: "Mheshimiwa wa mabati, umekula?" Naye: "Nakusubiri wewe, kipenzi, njaa haina haraka."

Juni kulikuwa na maonyesho ya filamu zile, na kadi za maelezo za ukutani aliandika Laurean.

"Mama anataka kitu kimoja tu," Nusura alimwambia. "Kwao walicheka, walisema bibi yake aliolewa na mtu wa kutunga. Aone jina limeandikwa."

"Litakuwepo. Nakuahidi."

Aliliandika kweli. Halafu akaanza kuwaza. Mkataba wake ulikuwa unaisha mwezi uleule. Bosi wake, Marie-Hélène, angeuliza ushahidi, na yeye ana picha ya familia tu. Akalifuta. Hakuna aliyemwambia afute. Hivi ndivyo tulivyofunzwa, tangu enzi za babu zetu: bwana hajakohoa, sisi tumeshanyamaza.

Siku ya ufunguzi Nusura alikuja na gauni la zambarau na hereni za mama yake, simu imeinuliwa, mama yuko hewani kutoka Pangani.

"Mbona silioni, mwanangu? Sogeza."

Alisogeza simu mpaka kwenye kadi. *Mwanamume mweusi. Hajulikani.*

"Mtandao mbovu, mama," alisema, akakata. Kisha akamgeukia Laurean. "Hajulikani na nani?"

"Nusura, mkataba wangu…"

"Walikukataza?"

Laurean akaanza kuinyoosha kadi ukutani, ingawa haikuwa imepinda. Nusura akachukua koti, na tangu hapo simu za Laurean hakupokea.

Wiki ya tatu Laurean aliingia kwa Marie-Hélène, akamweleza yote. Mama yule akavua miwani. "Kwa nini hukuniambia? Tungeandika: kwa mujibu wa familia yake." Jioni hiyohiyo kadi mpya ilichapwa.

Aliibeba mpaka Jette, akamsubiri kwenye kituo cha tramu. Nusura aliisoma mara mbili, kidole kikipita juu ya herufi.

"Bosi wako ulimwuliza lini?"

"Baada ya wewe kuondoka."

"Ilichukua muda gani?"

"Dakika moja."

"Dakika moja," alirudia, kwa upole, na upole ule ulimuumiza Laurean kuliko matusi. "Mimi nilidhani umepigana ukashindwa. Hilo ningelisamehe."

Akapiga simu Pangani, akaiinua kadi.

"Soma, mama."

Sauti ya mama ilisoma polepole, ikitetemeka: "Feruzi… Mbwana… Heri." Ikasoma tena. Akalia, akacheka, akavuta pumzi. "Na huyo kijana aliyeliandika, yuko wapi nimshukuru?"

Laurean alikuwa amesimama hatua moja tu kutoka kwake, mikono mitupu. Nusura alimtazama muda mrefu, hesabu mpaka tisa.

"Ameshaondoka, mama," alisema, akapanda tramu.