Shimo la Shefali

Kila adhuhuri ya mwezi ule wa Ramadhani, Shefali, msichana wa miaka kumi na mmoja, alichukua mundu na kikapu akaaga kwamba anakwenda kumkatia mbuzi majani. Majani aliyaleta kweli. Ila kwanza alipenya chini ya miiba nyuma ya nyumba, akaingia katika shimo kavu walimochimba udongo wa kuinulia kiwanja cha nyumba, akala bisi za mchele alizozificha humo ndani ya kopo mpaka akashiba. Nyumbani wote waliamini kuwa shimo lile halipitiki. Baba alikuwa amemwahidi gauni jekundu la Idi akifunga mwezi mzima, na Shefali alilitaka kwa kufa na kupona.

Mwaka ule wa 1989 wilaya ya Saturia ilikuwa imekauka kabisa. Basi jioni moja, walipokuwa wakingoja kufuturu, wingu zito lilitanda na watu wakashangilia.

"Mvua hiyo!" Bibi alicheka. "Leo vyura wataoa!"

Furaha haikudumu. Ulikuja mvumo usiokatika, na mabati ya majirani yakaonekana yakizunguka angani. Baba akaadhini kwa sauti kubwa, kama ilivyo desturi dhoruba inapokuja.

"Ndani!" Bibi alipiga kelele. "Chini ya kitanda!"

Shefali aliyatazama mabati ya paa lao, yameanza kutetemeka. Akisema, gauni limekwenda. Asiposema, je?

"Si ndani, Baba! Twendeni shimoni!"

"Na miiba ile? Una wazimu?"

"Njia naijua! Naingia kila siku kula! Sijafunga hata siku moja, Baba, nisamehe, lakini twende!"

Baba alimkodolea macho, kisha akambeba Bibi mgongoni akakimbia.

Shefali aliwaongoza chini ya miiba, wakalala kifudifudi shimoni, wameshikana. Upepo ulipopita, nyumba haikuwapo. Kitanda kilikuwa vipande shambani. Zaidi ya watu elfu moja walikufa jioni ile, na Shefali aliwalilia majirani zake kwa siku nyingi. Lakini wao watatu walikuwa hai, na Baba hakuacha kumshukuru Mungu.

Usiku ule, wangali shimoni, Bibi alipapasa gizani, akagusa kopo.

"Hizi ndizo bisi zako?"

"Ndiyo, Bibi," Shefali alijibu kwa aibu.

"Haya, tufuturu." Bibi akamtilia kiganjani. "Mjukuu wangu, ungesema una njaa, nani angekupiga? Umesema kweli, umetuokoa. Ila siku nyingine uiseme mapema, usingoje kimbunga kije kukuuliza."